Supu ya donggua: mchuzi kwanza, boga baadaye

Swali limetoka kwa dada mmoja mfanyabiashara wa Kariakoo, Dar es Salaam: "Nilipokuwa nakwenda Guangzhou kufuata mzigo nilizoea supu ya boga lao jeupe, donggua. Ilikuwa angavu, unaona mpaka chini ya bakuli, na utamu wake mwepesi. Sasa donggua nalipata hapa kwenye duka la Wachina, na nimejaribu mara tatu. Ya kwanza ilitoka nyeupe kama maji ya mchele, ya pili boga likarojeka lote, ya tatu ikawa maji ya moto yenye chumvi. Sili nguruwe. Nakosea wapi?"

Dada, makosa yote matatu yana mzizi mmoja: nyama na boga vimepikwa pamoja, kwa moto mmoja. Donggua ni maji kwa karibu asilimia 96. Halina ladha ya kutosha kutengeneza supu. Kazi yake ni kunyonya mchuzi ulioiva na kuutoa tena ukiwa mdomoni. Kwa hiyo mchuzi hupikwa kwanza, peke yake, mpaka uwe mtamu hata ukiunywa hivyo hivyo. Boga huingia mwishoni.

Kuhusu nguruwe, usione kama unapika supu pungufu. Ya mbavu za nguruwe inajulikana zaidi, lakini Guangdong, mkoa wenye mji huo wa Guangzhou, kuna nyingine ya jadi yenye heshima yake: donggua, bata mkomavu, punje za nafaka iitwayo yiyi ren na ganda la chenza lililokaushwa. Hiyo ndiyo tutakayoifuata hapa. Haina cha kubadilishwa, mradi bata wako amechinjwa kihalali.

Tuanze na boga lenyewe, maana wengi huharibikiwa dukani. Kwa Kichina dong ni majira ya baridi, na gua ni jina la jumla la jamii ya matango, matikiti na maboga. Huvunwa wakati wa joto, ila likiwa zima hukaa miezi kadhaa, kwa sababu ganda lake limefunikwa na nta nyeupe inayofanana na majivu. Usiioshe nta hiyo mpaka siku ya kupika. Wahindi nao wanalijua: ndilo linalotengenezewa pipi ya petha ya Agra, na kwenye maduka ya watu wa Kerala huko Dubai na Maskati ukitaja kumbalanga utapewa. Boga zima lililokomaa linaweza kupita kilo kumi, ndiyo maana huuzwa vipande. Kwenye kipande, tazama nyama: iwe nyeupe kabisa, ngumu ukiibonyeza kwa kidole gumba, na unyevu wake usiwe wa utelezi. Mbegu ziwe zimejaa, rangi ya maziwa kuelekea njano. Ukingo ukiwa wa manjano, au kikinuka uchachu kwa mbali, kiache. Ukifika nyumbani, chota mbegu na sifongo yake yote papo hapo kabla ya kukitia kwenye friji, kwa kuwa uozo huanzia hapo katikati. Kikiwa kimesafishwa na kufungwa vizuri kitakaa siku tatu hadi tano.

Kuna boga dogo la kijani lenye vinyweleo, liitwalo jiegua. Ni ndugu wa donggua kabisa, lakini halina nta na huiva upesi zaidi. Ukilitumia, punguza muda wa boga kwa theluthi moja.

Kwa watu watano au sita utahitaji nusu ya bata mkomavu, kama kilo moja pamoja na mifupa. Donggua kilo 1.2 likiwa na ganda. Yiyi ren gramu 50. Kipande kimoja cha ganda kavu la chenza, ukubwa wa vidole viwili. Tangawizi gramu 25. Maji lita 2.5; na chumvi, ambayo mwishoni itafika kama vijiko viwili vya chai vya kusawazisha. Ukipenda, ongeza uduvi mkavu gramu 15. Pima maji, usikadirie. Boga litatoa maji yake ndani ya chungu, na hicho ndicho chanzo kimojawapo cha ile supu yako ya tatu: mtu akijaza sufuria mpaka juu, kisha boga likaongeza maji yake, nyama haiwezi kuubeba mchuzi mwingi kiasi hicho.

Yiyi ren ni zile punje nyeupe nene zenye mfereji wa kahawia ubavuni. Zioshe, zilowekwe saa tatu. Ukikosa, tumia shayiri iliyokobolewa gramu 30, lakini ichemshe pembeni dakika kumi umwage maji yake, maana wanga wa shayiri hutia supu ukungu. Mapokeo ya tiba ya Kichina huwakataza wajawazito yiyi ren. Kwa mjamzito iache tu, supu haitaharibika.

Ganda la chenza linalosifiwa ni la Xinhui, huko huko Guangdong, na huwekwa miaka mitatu au zaidi kabla ya kuhesabiwa kuwa chenpi. Liloweke dakika 15, kisha kwa ncha ya kisu kwangua utando mweupe wa ndani. Uchungu mwingi uko kwenye utando huo. Ganda la chenza ulilolianika mwenyewe mwezi uliopita linafaa, ila ni kali kuliko la miaka. Tia nusu ya kipimo.

Sasa nyama. Bata ana vifuko viwili vya mafuta juu ya mkia, na harufu inayowafanya wengi wamkatae bata hutoka hapo. Kata mkia wote utupe. Ondoa na mafuta ya shingoni na ya tumboni. Ngozi iache sehemu ya kifua tu, kwengine ivue. Mkate vipande vya sentimita tano, na mifupa mikubwa igongwe ipasuke.

Halafu inakuja hatua ambayo wapishi wa Guangdong huiita fei shui, na hapa tunaomba usiwe na haraka. Tia vipande vya bata kwenye sufuria, mimina maji ya baridi yafunike, weka vipande viwili vya tangawizi, ndipo uwashe moto. Maji ya baridi, si ya moto. Nyama ikianzia kwenye baridi, damu na uteute wake hupata muda wa kuyeyuka na kutoka; joto likipanda, vitu hivyo huganda huko nje kwenye maji na kupanda juu kama povu la kijivu. Ukitumbukiza nyama kwenye maji yanayochemka, uso wake hushikana mara moja na uchafu hubaki ndani, kisha utatoka taratibu kwa saa mbili zijazo, ndani ya supu yako. Acha ichemke dakika tatu hadi tano. Utaona povu likigeuka kutoka kijivu kizito kuwa jeupe jepesi, na hapo imetosha. Mwaga maji yote. Osha kila kipande kwa maji ya uvuguvugu, ukipitisha kidole kwenye mianya ya mifupa ambako damu hujificha ikiwa imeganda kama ini. Osha na sufuria yenyewe, ule mstari wa povu ulioganda ubavuni uondoke. Wengi hufanya yote haya vizuri, kisha wanarudisha nyama safi kwenye sufuria chafu.

Chungu cha udongo kilichopakwa mng'aro ndicho kinachopendwa huko kwao, kwa sababu hushika joto bila kushtuka. Kama unacho, usikiweke motoni kikiwa kikavu wala usimimine maji baridi kikiwa cha moto, kitapasuka. Sufuria nzito inatosha. Ya aluminiamu nyembamba ina shida moja: hata moto ukiwa mdogo kabisa, chini yake panachemka kwa nguvu sehemu moja. Dawa yake ni kuweka chuma cha chapati juu ya jiko na sufuria juu yake, moto usambae. Kwenye mkaa, toa nusu ya makaa na yaliyobaki yafunike kwa majivu.

Weka bata, yiyi ren, ganda la chenza na tangawizi iliyobaki, ukiwa umeiponda kidogo kwa ubapa wa kisu. Mimina lita zote 2.5 za maji ya moto kwa mara moja. Washa mpaka ichemke, engua povu dogo litakalobaki, kisha shusha moto mpaka uone viputo vidogo vinapanda kimoja kimoja kutoka pembeni na uso wa supu unatikisika tu. Funika, ukiacha upenyo wa upana wa kijiko cha mbao. Saa moja na dakika 20.

Moto huu ndio jibu la supu yako ya kwanza. Mafuta na maji havichanganyiki vikiwa vimetulia; mafuta hukaa juu, unayaengua kwa upawa. Supu ikitokota kwa nguvu, mafuta hupasuliwa kuwa chembe ndogo mno, na jelatini inayotoka kwenye ngozi na mifupa huzishikilia chembe hizo zisikutane tena. Supu inakuwa nyeupe kama maziwa, na haitajichuja yenyewe hata ukiiacha usiku kucha. Wachina wanajua kuutumia ukweli huo: supu ya samaki wanaitaka nyeupe, kwa hiyo humkaanga samaki na kuichemsha kwa nguvu makusudi. Kwa donggua wanataka angavu. Weupe wa supu yako haukuwa uchafu, ila boga lina ladha ya unyenyekevu na ndani ya mchuzi mzito wa mafuta hupotea kabisa.

Kama umechelewa na supu imeshaingia weupe, kuna njia ya zamani ya jikoni kwao. Toa nyama, acha mchuzi upoe mpaka uvuguvugu. Saga gramu 100 za kifua cha kuku kisicho na mafuta, koroga na mililita 200 za maji baridi, mimina kwenye mchuzi, kisha pasha polepole sana ukikoroga mwanzoni tu. Ile nyama laini huganda ikishika chembe zilizoelea na kupanda juu kama mkate mmoja. Usiivunje. Iondoe kwa chujio, pitisha mchuzi kwenye kitambaa cha pamba. Ni kazi, kwa hiyo ni bora kuulinda moto tangu mwanzo.

Muda wa kuongeza maji nao una kanuni. Ukiona yamepungua mno, ongeza ya moto yanayochemka. Maji baridi hukata joto ghafla, na muda wako unaanza kuhesabiwa upya.

Wakati mchuzi unaiva, shughulikia boga. Kwa supu hii ya moto mdogo, ganda haliondolewi. Lisugue kwa brashi chini ya bomba mpaka nta yote itoke na kijani king'ae. Ganda ndilo litakaloshikilia kipande kisipondeke. Haliliwi, mlaji huacha ganda kwenye sahani kama anavyoacha mfupa. Kata vipande vikubwa, upana wa sentimita tano na unene wote wa boga. Hapo ndipo supu yako ya pili ilipoharibikia: vipande vidogo vilivyomenywa haviwezi kukaa motoni saa nzima. Ukitaka kumenya, menya kwa kina cha milimita tatu au nne, kwa sababu chini ya ganda kuna tabaka la kijani hafifu lililo gumu, na likibaki kila kipande kinakuwa na ukingo kama mpira. Vipande vilivyomenywa vya sentimita mbili vinahitaji dakika 12 hadi 15 tu. Vyenye ganda, dakika 35 hadi 40.

Tumbukiza boga, pandisha moto supu irudi kuchemka, kisha shusha tena. Usikoroge. Usitegemee saa peke yake, angalia rangi. Donggua bichi ni jeupe lisilopitisha mwanga. Likianza kuiva, ukingo unageuka kuwa kama kioo chenye ukungu, na weupe unarudi nyuma kuelekea katikati ya kipande. Pale weupe unapobaki doa dogo la ukubwa wa punje ya mahindi, zima jiko na ufunike dakika tano. Joto lililomo litamalizia. Kijiti kinapenya bila kusukumwa, lakini ukikiinua kwa upawa kipande kinabaki na pembe zake.

Chumvi ni mwisho kabisa. Mchuzi unapungua kadiri unavyokaa motoni na boga linaongeza maji yake, hivyo kipimo cha mwanzoni hakitakuwa sahihi mwishoni. Na kama umetia uduvi, nao una chumvi yake. Engua mafuta, tia kijiko kimoja na nusu cha chai, subiri dakika mbili, onja, kisha amua hiyo nusu iliyobaki. Pilipili manga nyeupe kidogo inafaa. Giligilani, kitunguu saumu na kidonge cha supu viache. Vitatu hivyo vina sauti kubwa, na boga hili halitasikika.

Uduvi tumeutaja na unastahili neno zaidi, kwa sababu ndio utakaoitoa supu kwenye "maji yenye chumvi". Wachina hutumia kamba wadogo waliochemshwa, kumenywa na kukaushwa, au nyama kavu ya kombe wakubwa. Uduvi wetu wa pwani unafanya kazi ileile, ila ni mdogo, haumenywi, na una mchanga. Uoshe katika maji matatu, ukikamua kwa mkono, kisha ukaushe kwenye kikaango kikavu dakika mbili mpaka harufu yake ibadilike kutoka ya ufukweni kuwa ya kukaangwa. Ufunge kwenye kipande cha kitambaa cheupe cha pamba, utie pamoja na bata tangu mwanzo, uutoe kabla ya boga kuingia. Ladha ya vitu vya bahari vilivyokaushwa na ladha ya nyama zikikutana huongezana nguvu kuliko kila moja peke yake. Uyoga mkavu wa shiitake mitatu, uliolowekwa, hufanya vivyo hivyo kwa wasiopenda uduvi.

Siku usiyo na saa mbili, kuna supu halali ya kama nusu saa ya donggua na kamba wakavu. Kamba wakavu walowekwe dakika kumi, uhifadhi maji yao. Kaanga tangawizi na kamba kwa kijiko kimoja cha mafuta, dakika moja. Mimina lita 1.2 ya maji ya moto na yale ya kulowekea uliyoyachuja, chemsha dakika nane. Tia gramu 600 za donggua lililomenywa na kukatwa vipande vyembamba vya nusu sentimita, dakika kumi, chumvi, majani ya vitunguu, basi. Haina uzito wa ile ya bata na haijidai kuwa nayo.

Bata akikosekana, kuku wa kienyeji aliyekomaa anachukua saa moja na robo kabla ya boga, na mbavu za ng'ombe zinataka saa mbili nzima. Kuku wa kisasa wa wiki tano hafai: nyama inatawanyika kabla mifupa haijatoa kitu. Kwa anayetumia sufuria ya presha, bata ni dakika 30, kisha uiache ishuke yenyewe. Ndani ya presha maji hayatokoti kwa fujo, kwa hiyo mchuzi hutoka angavu. Ukiifungua mvuke ghafla, supu yote inalipuka kuchemka na weupe unarudi. Boga litie baada ya kufungua kifuniko. Na msomaji wa Nairobi aongeze kama robo ya muda wa nyama, kwa kuwa kwenye mwinuko ule maji huchemka kwenye nyuzi kama 94 tu.

Pasipo donggua kabisa, mung'unye ndio ulio karibu nalo. Uonje mbichi kwanza kwa ncha ya ulimi: ukiwa mchungu, utupe wote, maana uchungu wa jamii hii ya mimea ni sumu inayosumbua tumbo na kupika hakuiondoi. Ukiwa mzuri, menya, kata nene, dakika kumi na mbili. Sehemu nyeupe ya ganda la tikiti maji nayo inafaa na Wachina wenyewe huila. Boga la njano halifai hapa. Lina sukari na wanga, utapata supu nyingine.

Utaulizwa pia kwa nini boga lenye jina la baridi linanywewa wakati wa joto. Wazee wa Pwani wanaogawa vyakula kuwa vya baridi na vya moto wataielewa lugha ya Wachina mara moja: donggua kwao ni la baridi, hupoza mwili wakati wa joto la unyevunyevu la Guangdong, na tangawizi na ganda la chenza huwekwa ili baridi hiyo isizidi.

Ile bakuli ya boga zima lililochongwa, inayoletwa mezani kwenye karamu, huitwa dongguazhong. Inawezekana nyumbani kwa boga dogo la kilo tatu. Kata juu theluthi moja, chota ndani ukiacha ukuta wa sentimita tatu, likalishe ndani ya bakuli imara litakalolishika ubavuni, mimina mchuzi wa moto uliokwisha kukolea mpaka robo tatu, kisha lipike kwa mvuke saa moja na nusu hadi mbili. Bila bakuli la kulishika, ukuta ukilainika boga hufunguka na mchuzi wote humwagika kwenye maji ya chini. Litoe likiwa ndani ya bakuli hilo hilo, na uchote nyama ya boga kwa kijiko kutoka kwenye kuta.

Mezani, supu huchotwa kwanza na kunywewa ya moto. Vipande vya bata na boga huwekwa kwenye sahani pembeni na kuchovywa kwenye sosi ya soya yenye matone ya mafuta ya ufuta, kwa sababu nyama imeshatoa ladha yake nyingi kwenye mchuzi. Kinachobaki, toa boga uliweke kando, mchuzi uingie kwenye friji mara unapopoa. Kesho yake mafuta yatakuwa yameganda juu, uyaondoe kwa kijiko. Mchuzi hugandishwa vizuri kwenye friza. Boga halikubali, likiyeyuka linakuwa nyuzi na maji.